Sauti ya Tatu

Huku juu Svaneti, theluji i dirishani,
wimbo haujui hati, umeandikwa kooni;
ni sauti kwa sauti, ya tatu ikiwa chini.

Maneno yake mengine hayana tena maana,
ya mungu wao mwingine aliyefukuzwa jana;
watakatifu wanne hawanuni ukutani.

Ya chini yake Jokia, mzee mwenye mizinga,
ilivuma ikingia mifupani, ikajenga;
wenzake wakapandia, kama moshi wa jikoni.

Kwaresima ikafika, Jokia keshafukiwa,
kasisi mpya kataka kinanda cha kukodiwa.
Anzori akatamka: "Pengo nalo limo ndani."

Wakaimba wawili tu, Anzori naye Besiki;
penye sauti ya tatu, kimya hakikanyagiki;
nta yake yawaka tu, mishumaani, pembeni.

Tsiala, mjane wake, kavua glavu moja,
kwenye benchi, peke yake, akangoja, akangoja,
kaweka kiganja chake juu ya mbao za chini.

Nje akavaa glavu, akanena bila chozi:
"Leo kaimba kwa nguvu kuliko mwaka wa juzi."