Thelathini na Tisa

Kikapu mhariri alikipa mistari miwili,
chini ya soka, juu ya tangazo la saruji.
Miaka ishirini na sita nimeishi humo.

Leo hodi, hapa Chumbageni:
kijana wa marehemu Shekiondo.
"Baba alisema alifunga pointi arobaini na moja
siku ile, uwanja wa Usagara. Kweli?"

Nikafungua daftari. Jasho la mkono wangu
limekula wino, tarakimu zimebaki:
thelathini na tisa.

Kalamu ilikuwa mkononi. Nani angejua?

Nikamwambia: filimbi ililia
mpira ungali unazunguka ukingoni mwa ringi.
Uliingia, mwanangu. Niliuona.
Ila haukuhesabiwa.

Akaketi. Akaomba nimsomee tena,
polepole,
tangu mpira uliporushwa.