Hakuna Gongo la Mashoto

Magongo yote duniani huchongwa kwa mkono wa kulia:
uso bapa upande huu, mgongo wa mviringo upande ule,
na ukigusa mpira kwa mgongo, refa anapuliza.
Geertje alikuwa mashoto.
Alijifunza upya akiwa na miaka tisa,
kwenye kile kiwanja cha Veendam kilicholimwa na fuko,
mpaka mwili ukasahau ulivyoumbwa.

Hatukuwa wachezaji wa kulipwa. Tulilipa sisi:
ada ya klabu, petroli ya kwenda Assen,
sabuni ya jezi kumi na sita za njano iliyochujuka.
Mimi kipa, nimejazwa sifongo kama godoro.
Yeye ndiye wa kwanza kutoka mbio
kona ya adhabu ikipigwa,
siku hizo bila barakoa, bila chochote,
kikinga meno tu na wazimu wake,
akiukimbilia mpira ambao wenzake wanaukwepa.
Kidevuni ana nyuzi nne za jioni moja ya Novemba.
Nilimshikia taulo. Aliuliza, "Umeingia?"
Haukuingia.

Kisha masomo ya usiku, hesabu za kampuni,
ofisi ya ghorofa ya kwanza, ya tatu, ya juu kabisa,
na gari lisilo na sauti.
Mimi nilibaki chini, kibandani kwenye mizani,
nikipima malori ya viazi tangu Agosti hadi Februari:
yanaingia na udongo wake, yanatoka matupu,
tofauti ndiyo riziki yangu.
Jumapili, kwenye timu ya wakongwe, tuliitana majina ya uwanjani.
Jumatatu nilimwita Bi. Mkurugenzi,
naye aliinamisha macho.

Jumanne ile alituita ukumbini, watu mia mbili na kumi na mmoja.
Hakupanda jukwaani. Alisimama sakafuni,
miguu ameipanua, magoti kayakunja kidogo,
nami nikautambua ule msimamo kabla hajafungua kinywa.
Nikajua kona imepigwa.
Ila safari hii mpira ulikuwa unatoka kwake.

Viazi vimepungua, alisema. Gesi imepanda.
Kiwanda cha ng'ambo ya mpaka kinatosha.
Hakusema "kwa masikitiko". Hakusema "familia".
Alitaja tarehe.
Wubbo wa mabomba akauliza ni nani aliyetia saini.
"Mimi," akasema, akainua mkono,
ule wa kushoto,
ambao uwanja haukuweza kuubadili.

Jioni alikuja kibandani kwa miguu.
Akasimama juu ya mizani ya malori, koti jeusi, manyunyu.
Mizani ile husoma kwa kilo ishirini ishirini;
namba zikasita, zikatua kwenye sitini.
"Nimepungua," akasema.
"Mashine haiwajui watu," nikamjibu.
Tukanyamaza. Wanga ulinukia kama siku zote,
harufu ya shati lililopigwa pasi likiwa bado bichi.

"Jumapili ni Assen," akasema. "Sina kipa mwingine."
Nilikuwa na maneno. Niliyapanga tangu saa nne asubuhi,
yana ncha, yana jina la mwanangu ndani.
Nikamwambia nitaona.

Sikumwambia kwamba soksi zangu zimeshafuliwa,
zinaning'inia juu ya hita jikoni,
moja imetoboka kidoleni.