Namba Saba na Nusu

Kabla ya lami palikuwa na kabichi.
Mzee Nyquist aliuza ekari arobaini, akabakiza nyumba,
na kila iliponyesha mvua kubwa ya Julai
maegesho yalinuka kabichi.
Wageni walikunja pua. Sisi tulijua.

Jengo lilifunguliwa Oktoba, mwaka wa sabini na mbili.
Bendi ya shule ilipuliza tarumbeta chini ya paa la kioo,
na meya akakata utepe mara mbili
kwa kuwa mpiga picha wa gazeti alikuwa hajatia filamu.
Nilikuwa na miaka kumi na tisa.
Walinipa kigoda, kijiko cha kuvalishia viatu,
na kipimio cha chuma, baridi
kama ulimi wa mbwa aliyelamba theluji.

Mji huu niliufahamu kuanzia chini.
Nilipiga magoti mbele ya hakimu, soksi yake ina tundu;
mbele ya Lorna Pruett, mimba ya miezi minane,
miguu imeumuka kama unga uliosahauliwa;
mbele ya vijana wa kiwanda cha karatasi
waliotaka buti zenye ncha za chuma
na kulipa Ijumaa. Na Ijumaa walilipa.
Watoto walikuja Agosti, shule ikikaribia:
"Simama. Mguu sawa. Usikunje vidole."
Mama akininong'oneza niongeze namba moja,
mtoto akulie ndani ya kiatu
kama watu wazima wanavyokulia ndani ya deni.

Kisha kiwanda kikanyamaza.
Hakuna siku moja ninayoweza kukuonyesha.
Duka la ndege liliondoka na kasuku wake.
Fundi saa aliacha saa ukutani, saa nne kasorobo.
Kampuni ya nguo, iliyotuapia kuzeeka nasi,
ilipiga hesabu zake, ikasema mguu niponye.
Chemchemi waliifunika mbao, wakasimamisha juu yake
mti wa Krismasi wa plastiki. Ulikaa hadi Machi.

Asubuhi walibaki wazee, nje baridi ya kupasua masikio,
wakitembea ndani; mizunguko minne, maili moja.
Orville Stenrud alinisalimu kila mzunguko
kana kwamba tunaonana kwa mara ya kwanza.
Nilidhani ni utani.
Mwaka wa mwisho haukuwa utani.

Jozi ya mwisho niliuza Februari: ndara za buluu, nusu bei.
Nikazima taa. Sikulia.
Nililia garini, na hiyo ni kwa sababu kioo kiliganda
na kikwaruzo kilinivunjikia mkononi.

Miaka kumi na mmoja jengo lilikuwa la njiwa.
Barazani mmoja alitaka kasino, mwingine gereza.
Wendeline Sobczak, na shali yake, alitaka kabichi.
Watu walicheka. Mimi sikucheka.

Hatimaye waling'oa paa la kati,
mvua ikapata ruhusa ya kuingia.
Ukumbi sasa ni mtaa: benchi, taa,
mti mwembamba uliofungwa kamba usianguke.
Juu wamepandisha vyumba. Mtu anaotesha nyanya ndani ya ndoo.
Vizuri, sisemi si vizuri.
Mpwa wangu aliulizia kodi, akarudi kimya.

Kliniki ya kisukari ni mlango wa kumi na nne.
Mlango wangu.
Muuguzi, Mai See Lor, jina liko kifuani,
anavuta kigoda, anapiga magoti,
anashika kisigino changu
na kugusa unyayo kwa uzi wa plastiki.
"Unasikia?"
Nasikia.
"Na hapa?"
Hapa sisikii. Nasema nasikia, naye anajua,
kama nilivyokuwa nikijua mimi
mtu akiapa kwamba yeye ni namba sita.

"Viatu unavaa namba ngapi?" Kalamu i tayari.
"Saba na nusu. Na wewe, binti,
hicho cha kushoto kinakubana."

Anacheka. Halafu anaketi sakafuni,
anakivua.