Pembe ya Kusikilizia

Alhamisi, saa saba kasorobo, hospitali ya Ibra.
Kiyoyozi kinavuma, pazia limefungwa,
na Muzna, miaka sita, amelala ubavu wa kushoto
akiuliza kwa Kiarabu kama jeli hii ni halua iliyoharibika.
"Imeharibika," namjibu. "Usiilambe."

Bibi yake, Shinuna, kaupakata mkoba wake.
Alisikia jina la ukoo wangu mlangoni, akageuza lugha
kama mtu ageuzavyo mto upande wa baridi:
"Mwanangu, huyu akipanda ngazi
husimama ya tatu, mkono ukutani,
kama aliyesahau kitu chini.
Hajasahau kitu. Anavizia pumzi."

Napitisha kipimo kati ya mbavu, nageuza kiganja.
Gizani kwenye kioo majivu yanapata uhai:
chumba cha kulia, shina la mapafu,
na kati yao vali, majani matatu
ambayo yangefunguka hadi ukutani yakapotea,
lakini haya yameshikana kingoni,
yanavimba kama kuba, yanaacha tundu
la kupita kokwa ya tende.
Nawasha rangi. Damu inakwenda buluu, imetulia,
inafika mlangoni, inavurugika:
manjano, kijani, nyekundu,
kilemba cha sikukuu kilichofunguka kwa upepo.

Sasa namba.
Naweka mstari. Spika inafoka: fwaa, fwaa.
Mita tatu na nukta moja kwa sekunde.
Zidisha yenyewe kwa yenyewe, kisha mara nne:
thelathini na nane.
Ya kati. Ningeandika hivyo
nikaliwahi basi la Maskati.

Ila ukuta wa chumba cha kulia ni mnene,
mnene kama mkono wa mchimba kisima.
Msuli haunenepi kwa kazi ya kati.
Ama ukuta unasema uongo
ama mimi nimesikiliza kwa pembeni.

Mashine hii haina ubaya, ina kiburi tu:
humwamini anayeijia uso kwa uso.
Ukiikinga ubavuni mwa damu
hukupa kipande cha ukweli
ikakuachia wewe ukiite mzima.

Namlaza chali. "Kunja magoti. Vuta pumzi. Ishike."
Naingia kwa chini, penye chembe cha moyo,
naelekeza juu, bega la kushoto,
nasogea kiasi cha upana wa ukucha,
narudi nusu yake,
mpaka mfoko unakonda, unakuwa filimbi,
na kwenye kioo linasimama jino jeupe, kamili.

Nne na nukta tatu.
Sabini na nne.

Nimenyamaza. Bibi naye.
Kisha: "Nilipoletwa hapa, kijana bado,
mume wangu alikuwa na zamu ya maji ya falaji, usiku wa manane.
Taa hakuchukua. Alisikiliza.
Maji yakinyamaza, yana njia.
Yakipiga kelele, pana jiwe."

Miaka minne nilisomea mlinganyo huo huo.

"Daktari atazungumza nawe," nasema. Ruhusa yangu inaishia hapo.
Namfuta Muzna tumbo, polepole kupita desturi,
na najua bibi anausoma mkono wangu
kama mimi nilivyousoma ukuta.
"Watampasua?" Kwa Kiswahili, mtoto asielewe.
Siruhusiwi.
"Mara nyingine," nasema, nikikunja karatasi, "puto hutosha."

Naandika ripoti. Ukali: mkubwa.
Kwenye nafasi ya maelezo, ambayo hatuijazi,
naandika: *pembe ya kwanza ilinidanganya.*
Nafuta. Naandika: *imepimwa mara mbili.*

Dirishani nawaona wakitoka.
Ngazi za mbele ni tano.
Bibi anazitazama, midomo ikihesabu,
halafu anamshika mkono,
wanazunguka kwa mteremko wa viti vya magurudumu,
Muzna akiruka, akisimama,
akiruka.