Watu Kumi na Tisa

Hatukukodi ukumbi. Barabara ya Kumi na Tatu, Ngamiani,
uani kwa shangazi Mwanamkasi palitutosha:
mikeka minane, na kiti kimoja kisichokaliwa,
cha baba; tulikiwekea kofia yake ya kazi
na kikuba cha asumini.

Kila mgeni alikuja na sahani ya kwao.
Ya Bi Tunu imeungwa kwa gundi,
ndiyo aliyolia wali wa fungate yake.
"Taratibu na mchuzi," akasema,
"ufa huu ni mkubwa wenu, uheshimuni."

Hakukuwa na spika. Basi Shekue
alipojibu "nimekubali," sauti ikamkatika katikati,
tukaisikia wote,
hata Mishi jikoni akaacha kukuna nazi,
mkono umeganda juu ya mbuzi.

Jirani akachungulia ukutani:
"Mnaoza, au mnasoma hitima?"
Nikacheka hadi wanja ukanitiririka.

Usiku tukaosha vyombo wenyewe,
mimi na mume wangu, mikono ya kanzu kaikunja.
Sahani kumi na tisa. Hakuna aliyechukua yake.
"Kaeni nazo," Bi Tunu alisema akivaa ndara,
"tukija, tutakula humo humo."

Ile ya ufa tuliiweka juu.