Kimo cha Ziwa

Miaka ishirini na tisa Lugata alishuka alfajiri
hadi nguzo ya vipimo, Mwanza Kusini,
akasoma maji yamefika wapi,
akaandika katika daftari la serikali.
Hata siku ya msiba wa mama yake aliandika.

Sasa mkewe, Nyanzobe, amesimama dirisha namba tatu,
bahasha ya kaki kifuani.
"Aliyeajiriwa ni marehemu," karani anasema.
"Wewe unadai kama nani?"

Kama nani.
Kama aliyepasha uji saa kumi usiku.
Kama aliyeanika suruali iliyolowa hadi magotini
juu ya mawe ya Mabatini.
Lakini hayo hayana muhuri.

Akaenda Mahakama ya Mwanzo.
Wakabandika tangazo, hakuna aliyepinga,
shemeji alikohoa tu.
Akatoka na karatasi: msimamizi wa mirathi.
Akarudi dirishani kwa mwendo wa mtu mwenye cheo.

"Sawa, kushtaki unaweza," karani akapunguza sauti,
"ila barua ya kuthibitishwa kazini haimo jaladani,
na muda, mama, muda nao unahesabiwa."

Muda.
Nani aliuhesabu kuliko Lugata?

Leo hakwenda nyumbani moja kwa moja.
Ameshuka hadi kwenye nguzo. Maji yamepanda,
magugumaji yamekumbatia tarakimu za chini.
Akayasukuma kwa kandambili, akasoma,
akaigeuza ile bahasha,
akaandika tarehe, saa, sentimita.
Akaandika jina la mumewe,
kisha, chini yake, akatia sahihi yake mwenyewe:
kwa niaba.