Usinilalie Mkono

Nodari, sogea kidogo, umenilalia mkono.
Anasogea. Haulizi mkono upi.
Miaka kumi na mmoja sasa, tangu gurudumu la kigari cha kebo,
kituo cha juu, hapa Chiatura,
liukamate pamoja na glavu ya sufu
lisirudishe hata glavu.

Husemwa asiyekuwepo na lake halipo.
Mbona la huyu lipo?
Kucha zinachimba kiganja.
Pete inabana kila mvua ikikaribia,
na pete yenyewe naiona, imo kwenye bakuli la vifungo
juu ya friji.

Walinikata wa kushoto, wakaniachia wa kulia,
lakini unaolia ni wa kushoto.

Kule Kutaisi, mwaka wa nne, daktari Mzia
alinifumba macho, akapitisha pamba shavuni.
Nimegusa wapi?
Shavu, nikasema. Na kidole gumba.
Akacheka kama mtu aliyeokota funguo zake.
Akaniambia ubongoni mwili umepangishwa vyumba,
na uso na mkono ni majirani wa ukuta mmoja;
mkono ulipoacha kuleta habari
shavu likatoboa ukuta, likahamia,
wala halikubandua jina mlangoni.
Kumbe ndiyo maana nikilia
vidole vinalowa.

Akaleta sanduku lenye kioo.
Fungua ngumi, akasema, yote miwili.
Nikafungua huu. Ule wa kiooni ukafunguka,
polepole, kidole baada ya kidole,
na mimi nikainama kutazama sakafuni
kilichodondoka.

Nilijua ni uongo. Kioo kilikuwa na ufa pembeni
na bei ya dukani bado imebandikwa.
Ubongo haukujali. Miaka minne uliamuru
bila kuona amri ikitekelezwa,
sasa umeona, basi.
Nililala usiku ule hadi maziwa yakachacha.

Siku hizi unafupika.
Kiwiko kilitangulia, hakikuaga.
Kiganja kimepanda, kimeota begani moja kwa moja,
kidogo, laini, kama cha mtoto wa miezi.
Sijui nani atakiambia kwamba mimi ni bibi.

Jana nikamwambia Nodari: njoo karibu,
kitanda chote hiki cha nini, nafasi ipo.
Akaja. Akabakiza upana wa ngumi
kati ya kifua chake na bega langu.
Na hako kadogo, akasema,
kalale wapi?